Herman Hollerith: Mtu Aliyeifundisha Mashine Kuhesabu Watu

Wanafunzi wengi wa siku hizi hutamani kazi ya kutengeneza programu za kompyuta, na wengine hutamani kuwa na kampuni zao wenyewe. Hayo ni matamanio mema. Lakini mwenye kutaka kujua uzito wa kazi hizo mbili zikibebwa na mtu mmoja, yafaa asome maisha ya wale waliozianza kabla ya kompyuta yenyewe kuwapo duniani. Mmoja wao ni Herman Hollerith wa Marekani. Alishika kazi iliyokuwa imewashinda makarani wa taifa zima, akaiweza. Kisha akashika kazi ya biashara, nayo ikamtupa chini mara mbili. Mara ya kwanza aliinuka. Mara ya pili hakuinuka vizuri, na sababu yake tutaiona.

Utoto na masomo

Herman Hollerith alizaliwa katika mji wa Buffalo, jimbo la New York, tarehe 29 Februari 1860. Kwa hiyo siku yake ya kuzaliwa ilirudi mara moja tu katika kila miaka minne. Wazazi wake walikuwa Wajerumani waliohamia Marekani. Baba yake alikufa Herman akiwa bado mtoto mdogo, na mama yake akawalea watoto kwa kutengeneza kofia za wanawake na kuziuza. Angeweza kwenda kuomba msaada kwa jamaa, lakini aliona heri kula jasho lake mwenyewe. Bila shaka mtoto aliliona jambo hilo, likamwingia moyoni.

Shuleni Herman alikuwa na akili nyingi, lakini tahajia ilimshinda kabisa. Yasimuliwa kwamba alipojua saa ya somo hilo imekaribia, alikuwa akitoroka darasani, na siku moja aliruka dirishani kutoka ghorofa ya juu ili asiandikishwe maneno. Mwisho mama yake alimwondoa shuleni, akamtafutia mwalimu wa kumfundisha nyumbani. Asije mwanafunzi wa shule yetu akadhani kwamba kuruka dirishani ndiko kulikompa Hollerith sifa! Sifa aliipata kwa masomo aliyoyashika baadaye. Mwaka 1875 aliingia katika chuo cha mji wa New York, kisha akaenda katika Shule ya Madini ya Chuo Kikuu cha Columbia, akamaliza mwaka 1879 akiwa injinia kijana wa miaka 19.

Mmoja wa walimu wake wa Columbia, Profesa William Trowbridge, alikuwa na kazi pia katika idara ya sensa ya serikali. Alimpenda kijana huyu kwa bidii yake, akamchukua Washington awe msaidizi katika sensa ya mwaka 1880. Ndivyo Hollerith alivyofikishwa mbele ya kazi iliyokuja kuwa kazi ya maisha yake.

Tatizo lenyewe

Katiba ya Marekani inaamuru watu wote wahesabiwe kila miaka kumi, kwa sababu idadi ya viti vya kila jimbo katika Baraza la Wawakilishi yategemea wingi wa watu wake. Mwaka 1880 walihesabiwa watu 50,155,783. Kuwahesabu watu milioni hamsini tu si shida kubwa sana. Shida ilikuwa katika maswali. Serikali ilitaka kujua ni wanaume wangapi na wanawake wangapi, wenye umri gani, waliozaliwa wapi, wenye kazi gani, waliooa na wasiooa, wanaojua kusoma na wasiojua. Tena ilitaka kuyachanganya maswali hayo: kwa mfano, ni maseremala wangapi waliozaliwa Ujerumani wanaokaa katika jimbo la Ohio, na wangapi kati yao ni vijana?

Makarani walifanya kazi hiyo kwa mikono. Waliyafunua madaftari ya sensa, wakapiga vistari katika karatasi kubwa, kisha wakavijumlisha vistari hivyo. Ikiwa swali lilikuwa jipya, ilibidi madaftari yafunuliwe tena tangu mwanzo. Kwa njia hiyo sensa ya 1880 ilichukua zaidi ya miaka saba kumalizika. Watu wa Marekani walikuwa wakiongezeka haraka kwa wageni wengi waliokuwa wakiingia kwa meli kila mwaka. Basi ikaonekana wazi kwamba sensa ya 1890 ingeweza kufika mwaka 1900 kabla haijamalizika, na hapo hesabu ya zamani na hesabu mpya zingekutana njiani.

Mkuu wa takwimu za vifo katika sensa ile alikuwa daktari mmoja wa jeshi aitwaye John Shaw Billings. Siku moja, katika mazungumzo, alimwambia Hollerith kwamba kazi kama ile yapasa ifanywe na mashine. Hollerith akalishika neno hilo. Alikwenda akalifikiri, akarudi kwa Billings na kumwambia kwamba aona njia, tena akamtaka washirikiane. Billings hakutaka ushirika. Shauku yake ilikuwa kuona kazi imekwisha tu. Hivyo mzigo ukabaki juu ya kichwa cha Hollerith peke yake.

Miaka ya kujaribu

Mwaka 1882 Hollerith alikwenda kufundisha uhandisi katika chuo cha ufundi cha Massachusetts, kijulikanacho kama MIT. Huko ndiko alikoanza majaribio yake. Hata hivyo ualimu haukumkaa, na baada ya mwaka mmoja aliuacha. Akaingia katika ofisi ya serikali ya Marekani inayotoa hataza, yaani hati za kulinda uvumbuzi wa mtu usiibwe na mwingine. Hakukaa huko muda mrefu, lakini alitoka akiwa amejifunza jambo kubwa: mvumbuzi asiyejua sheria huwapikia wengine chakula. Mwaka 1884 alipeleka maombi yake ya kwanza ya hataza.

Katika jaribio lake la kwanza alitumia utepe mrefu wa karatasi. Kila mtu aliyehesabiwa aliandikwa kwa matundu katika utepe, na mashine iliusoma utepe ukipita. Ilifanya kazi, lakini ilikuwa na kasoro kubwa. Kama ukitaka kutazama habari za mtu mmoja aliye katikati ya utepe, lazima uuvute utepe wote mpaka ufike. Na kama ukitaka kuwatenga maseremala na wakulima, huwezi, kwa kuwa wote wameshikamana katika karatasi moja.

Hollerith aliuacha utepe, ijapokuwa alikuwa ameutolea jasho. Alikumbuka jambo aliloliona safarini katika treni. Siku zile kondakta wa treni alikuwa akitoboa tiketi ya abiria pembeni, kila tundu likiwa na maana yake: nywele nyeupe au nyeusi, macho ya rangi gani, pua kubwa au ndogo. Kwa hiyo mwizi hakuweza kuitumia tiketi ya mtu mwingine, kwani tiketi yenyewe ilikuwa ikimshuhudia mwenyewe. Hollerith akawaza: ikiwa tiketi yaweza kueleza sura ya abiria, basi kila raia na apewe kadi yake moja, na matundu ya kadi yaeleze habari zake zote.

Kadi zenye matundu hazikuwa kitu kigeni kabisa. Wafumaji wa hariri wa Ufaransa walikuwa wakizitumia tangu mwanzo wa karne ya 19 kuongoza nyuzi katika mitambo ya kufumia. Jambo jipya la Hollerith lilikuwa kuifanya kadi iwe kumbukumbu ya mtu, inayoweza kuhesabiwa, kutengwa, kupangwa na kuhesabiwa tena kwa swali jingine, bila kuandikwa upya. Kila mtu anayefanya kazi ya kompyuta leo anaifahamu kanuni hiyo: iandike habari mara moja kwa utaratibu mzuri, kisha iulize mara nyingi upendavyo.

Mashine ilivyofanya kazi

Yafaa tueleze namna mashine ile ilivyokuwa, maana werevu wake ni mwepesi kueleweka. Karani aliiweka kadi katika kitako, akashusha mkono wa mashine. Chini ya mkono huo palikuwa na sindano nyingi zenye springi. Mahali pasipo na tundu, sindano ilizuiwa na karatasi. Mahali penye tundu, sindano ilipenya ikagusa kikombe kidogo chenye zebaki chini yake, na hapo umeme ukapita. Umeme huo uliusogeza mshale wa kihesabio kilichofanana na uso wa saa, hatua moja mbele. Kila mashine ilikuwa na vihesabio 40, na kila kimoja kiliweza kuhesabu mpaka 9,999. Kadi ikishapokewa sawasawa kengele ililia, na kifuniko cha kisanduku kimoja kikafunguka chenyewe ili karani aitie kadi humo. Kwa hiyo kadi zilihesabiwa na kutengwa kwa wakati mmoja.

Hollerith hakuipeleka mashine hii moja kwa moja kwa taifa zima. Alianza na kazi ndogo. Katika mji wa Baltimore aliomba kuhesabu takwimu za vifo vya mji. Kadi alizitoboa kwa koleo la kondakta wa treni, mwenyewe kwa mkono wake, tundu baada ya tundu, hata mkono ukamwuma sana. Maumivu yale yalimfundisha jambo ambalo asingelijua kama angekaa mezani na kuchora tu: mashine ya kuhesabu haifai kitu ikiwa kutoboa kadi ni mateso. Basi akatengeneza chombo kingine cha kutobolea. Karani alielekeza kidole cha chombo juu ya ubao wenye majina ya mambo, akabonyeza, na tundu likatokea mahali pake katika kadi. Baada ya Baltimore akapata kazi katika jimbo la New Jersey, katika mji wa New York, na katika idara ya tiba ya jeshi. Haba na haba hujaza kibaba. Kila kazi ndogo ilimwonyesha kasoro, na kila kasoro aliitengeneza kabla ya siku kubwa kufika.

Siku hiyo ilifika mwaka 1889. Mwezi wa Januari alipewa hataza zake. Mwaka huo huo idara ya sensa ikaitisha mashindano ya njia za kuhesabia. Washindani walikuwa watatu. Walipewa madaftari ya watu zaidi ya elfu kumi wa mji wa St. Louis, yaliyotoka katika sensa ya 1880. Wale wengine wawili walitumia kadi na vipande vya karatasi vya rangi mbalimbali, vilivyohesabiwa kwa mkono. Kuziandaa habari, Hollerith alitumia saa 72 na nusu, na wenzake kila mmoja alipita saa 100. Kuzihesabu, wenzake walitumia saa 44 na nusu na saa 55 na nusu. Hollerith alitumia saa tano na nusu. Baada ya hapo hapakuwa na maneno tena.

Sensa ya 1890

Serikali ilizikodi mashine zake kwa dola 1,000 kila moja kwa mwaka. Tazameni vizuri neno hilo: ilizikodi, haikuzinunua. Hollerith alibaki kuwa mwenye mashine. Akajifunga kuzitunza, na ikiwa moja imeharibika, mafundi wake waende mbio kuitengeneza. Na ziliharibika mara kwa mara. Yasimuliwa kwamba makarani wengine waliochoka walikuwa wakiinyonya zebaki katika vikombe kwa bomba dogo na kuitupa, mashine isimame wapate kupumzika. Mvumbuzi anaweza kufikiri juu ya kila waya na kila springi, lakini asiyefikiri juu ya mtu anayeitumia mashine atashangaa siku ya kazi.

Pamoja na hayo kazi ilikwenda kwa ajabu. Jumla ya watu ilijulikana mwaka ule ule wa 1890: zaidi ya milioni 62. Badala ya kufurahi, watu wengi walikasirika, kwa kuwa walitumaini taifa lao limefika idadi kubwa kuliko hiyo, na magazeti mengine yakazilaumu mashine. Hollerith hakurudi nyuma. Mashine haiwezi kuzaa watu wasiokuwapo. Kisha majedwali makubwa yakafuata, yenye maswali mengi kuliko ya 1880, na yakamalizika mapema zaidi. Austria na Kanada nazo zikatumia mashine zake katika sensa zao. Chuo Kikuu cha Columbia kikampa shahada ya udaktari mwaka 1890, na mwaka huo huo akamwoa Lucia Talcott. Walijaliwa watoto sita.

Tukitaka kupima ukubwa wa kazi ile kwa macho yetu, tutazame sensa ya Tanzania ya mwaka 2022. Walihesabiwa watu 61,741,120, yaani karibu sawa na Wamarekani wa mwaka 1890. Makarani walibeba vishikwambi vinavyopeleka habari moja kwa moja, na matokeo ya kwanza yakatangazwa mwishoni mwa Oktoba, sensa ikiwa imeanza tarehe 23 Agosti. Hollerith aliishika hesabu ya ukubwa huo huo kwa karatasi, zebaki, na waya za umeme wa betri.

Anguko la kwanza

Watu wakimwona mtu ameshinda jambo kubwa, hudhani kwamba sasa amekuwa tajiri. Sivyo ilivyokuwa kwa Hollerith. Sensa huja mara moja katika miaka kumi. Kazi ya 1890 ilipomalizika, mashine zilirudishwa kwake, zikajaa katika karakana yake ya Georgetown mjini Washington, wala hapakuwa na mwenye kuzikodi. Mshahara wa mafundi ulitakiwa, kodi ya jengo ilitakiwa, na nyumbani palikuwa na familia. Ikambidi kuishi kwa mikopo.

Akatafuta kazi isiyongoja miaka kumi, akaiona katika reli. Kampuni ya reli ya New York Central ilikuwa na mamilioni ya hati za mizigo kila mwaka, na kila hati ilitakiwa kuhesabiwa: mzigo ulitoka wapi, ulikwenda wapi, ulikuwa na uzito gani, ulilipiwa fedha ngapi. Hollerith akawapelekea mashine zake wazijaribu. Wakazijaribu, wakazirudisha. Walisema kweli kuwa haziwafai. Mashine ya sensa ilijua kuongeza moja tu, kwa kuwa mtu ni mmoja. Reli ilihitaji kujumlisha tani na dola, na hati moja yaweza kuwa na tani tano na nyingine tani mia.

Hapa ndipo palipoonekana uungwana wa Hollerith katika kazi. Hakusema kwamba wenye reli ni wajinga. Alirudi katika karakana akiwa hana fedha, akaibomoa fikira yake ya zamani, akaijenga upya. Akatengeneza mashine inayojumlisha tarakimu zenyewe, na kadi akazipanga upya kwa safu za namba. Kisha akawaambia wenye reli wazitumie mashine mpya muda wa mwaka mzima bila malipo, kama hazifai wazirudishe tena. Ilikuwa hatari kubwa kwa mtu mwenye madeni. Lakini mwaka 1896 reli ilikubali, ikatia sahihi mkataba. Mwezi wa Desemba mwaka ule Hollerith akaunda kampuni yake, Tabulating Machine Company. Na Urusi ikazitumia mashine zake katika sensa yake kubwa ya mwaka 1897. Mtaka cha mvunguni sharti ainame, na Hollerith aliinama.

Kadi, kodi na ubao wa waya

Njia yake ya biashara ilikuwa ya akili. Mashine alizikodisha, na kadi akaziuza. Mashine yaweza kudumu miaka mingi, lakini kadi hutumika kila siku. Kadi nazo ilibidi ziwe nzuri, za karatasi imara na kipimo kimoja, maana kadi mbaya hukwamisha mashine. Kwa hiyo kila hati ya mzigo iliyopita katika reli ilimletea Hollerith faida ndogo, na faida ndogo zikiwa milioni huwa si ndogo tena. Wenye maduka makubwa, viwanda na makampuni ya bima wakaanza kuja.

Lakini wateja wengi walileta tatizo jipya. Kila mteja alikuwa na kadi yake iliyopangwa kwa namna yake, na kila mpango ulitaka waya za mashine zifunguliwe na kuunganishwa upya na fundi. Je, mafundi wangetosha? Hollerith akalitatua jambo hili kwa kuweka ubao wenye matundu na waya za kuchomeka, kama ule wa ofisi za simu za zamani. Ukitaka kazi nyingine, wazichomoa waya, wazichomeka mahali pengine, na mashine ile ile imekuwa mashine ya kazi nyingine. Mashine zenye ubao wa namna hiyo zilitoka mwaka 1906. Msomaji anayejifunza kuandika programu ataona mara moja maana yake: maagizo ya kazi yalianza kutengana na chuma cha mashine. Mlango huo ukishafunguliwa, njia ya kwenda kwenye programu ilikuwa imeanza kuonekana.

Anguko la pili

Sensa ya mwaka 1900 ilifanywa tena kwa mashine za Hollerith, nazo zilikuwa bora kuliko za 1890, maana sasa zilikuwako zilizojilisha kadi zenyewe. Lakini mwaka 1903 idara ya sensa ilipata mkuu mpya, Simon North. Huyu aliitazama hesabu ya kodi, akaona serikali inalipa fedha nyingi mno, tena kuliko wanavyolipa wafanya biashara. Akamwomba Hollerith apunguze bei.

Hollerith alikataa. Alijua kwamba katika dunia nzima hakuna mwingine mwenye mashine kama zake, na sheria ya hataza ilikuwa upande wake. Wakabishana, hata mwaka 1905 Hollerith akaziondoa mashine zake zote katika idara ya sensa. Labda alifikiri watarudi wakimbembeleza. Hawakurudi. Serikali ilianzisha karakana yake yenyewe, ikaajiri mafundi, na mmoja wao akawa James Powers, aliyezaliwa Urusi. Hataza za kwanza za Hollerith zilikuwa zinafikia mwisho wa muda wake. Powers akatengeneza mashine nyingine, na sensa ya mwaka 1910 ikafanyika bila Hollerith. Alikwenda mahakamani, wala hakufanikiwa. Tena Powers akafungua kampuni yake, na mashine zake zikawa na uwezo wa kuchapa majibu katika karatasi, jambo ambalo za Hollerith hazikuwa nalo.

Basi tuyapime maanguko mawili haya. Mwaka 1895 mteja alisema mashine hazifai, na Hollerith maskini akasikiliza, akaenda kutengeneza. Mwaka 1903 mteja alisema bei haifai, na Hollerith mwenye nguvu akaziba masikio. Kipaji chake kilikuwa kile kile, wala akili yake haikupungua. Kilichobadilika ni sikio. Na kwa kukataa kupunguza bei alimtengenezea mshindani ambaye hakuwapo. Hakuna adui aliyemshinda kama ushindi wake mwenyewe.

Mwisho wake na urithi wake

Mwaka 1911 afya yake ilikuwa imezorota, na daktari akamshauri apunguze kazi. Mfanya biashara mmoja, Charles Flint, aliinunua kampuni yake kwa jumla ya dola zaidi ya milioni mbili, akaiunganisha na kampuni nyingine. Hollerith mwenyewe alipata zaidi ya dola milioni moja, fedha nyingi sana kwa siku zile. Akabaki kuwa mshauri wa kampuni mpya muda wa miaka kumi, ingawa mara nyingi hakupenda kushauriwa yeye. Mwaka 1914 kampuni ikamwajiri Thomas Watson, aliyejua kuuza na kuwasikiliza wateja, na mwaka 1924 ikabadili jina lake kuwa IBM, jina linalojulikana dunia nzima. Hollerith alikaa katika shamba lake, akafuga ng'ombe, akafurahia mashua zake. Akafariki mjini Washington tarehe 17 Novemba 1929, ana umri wa miaka 69.

Kadi yake iliishi kuliko yeye. Mwaka 1928 IBM ilitoa kadi yenye safu 80. Kompyuta zilipokuja, waandishi wa programu wa miaka ya 1950 na 1960 waliandika kila mstari wa maagizo katika kadi moja, wakafunga bunda, wakalipeleka kwa mwendesha mashine. Ole wake aliyeliangusha bunda njiani kabla hajaziandika namba kadi zake! Kadi zimekwisha, lakini mpaka leo waandishi wengi wa programu wana desturi ya kuukata mstari unapofika herufi 80, na wengi hawajui kwamba wanafuata kipimo cha kadi ile.

Ndugu wanafunzi, na ninyi wenzetu mliokwisha toka shuleni na kuanza kazi zenu, tuchukue nini katika maisha haya? Kazi kubwa haishikwi yote kwa siku moja. Hollerith alilitafuta jambo lililowachosha makarani, akaacha njia yake ya kwanza alipoona ina kasoro, akajaribu katika mji mmoja kabla ya taifa, akatoboa kadi kwa mkono wake mwenyewe. Hayo yote yawezekana kwa kijana mwenye bidii popote alipo. Lakini jambo la mwisho ni gumu kuliko yote, nalo ni kuendelea kusikiliza baada ya kushinda. Mwenye njaa husikiliza kwa kuwa hana budi. Mwenye kushiba akisikiliza, huyo ndiye fundi aliyekamilika.